Mtihani Hupima Nini?



Kila mwaka, siku yanapotangazwa matokeo ya mitihani, jambo moja hutokea katika nyumba nyingi. Kijana hutafuta namba yake, na mbele ya namba hiyo hukuta herufi au tarakimu. Wazazi wanauliza, majirani wanauliza, na kabla jua halijatua tarakimu ile imekwisha kuhama kutoka katika karatasi na kukaa juu ya mtu mwenyewe. Asubuhi watu walisema, "Amepata sifuri." Jioni wanasema, "Yule ni sifuri."

Katika makala hii twataka kuichunguza hatua hiyo moja tu, yaani hatua ya kutoka kwenye karatasi hadi kwa mtu. Je, ni hatua ya haki? Mtihani wa shule hupima nini hasa, na ni nani aliyepewa mamlaka ya kumhukumu mwanadamu kwa kipimo hicho? Swali hili si la walimu peke yao. Lamhusu kila mzazi, na lamhusu kila mtu anayeamini kwamba mwanadamu ameumbwa kwa makusudi.

MTIHANI HAUKUANZISHWA KWA UOVU

Yafaa kwanza tuutendee haki mtihani wenyewe. Wako watu ambao, kwa kuona machungu yake, husema ingekuwa heri ufutwe kabisa. Lakini na tutazame hali ilivyokuwa mahali ambapo mtihani haukuwapo. Vyeo na kazi vilikwenda kwa mtoto wa mkubwa, au kwa jamaa wa mkubwa, au kwa yule aliyejua mlango wa nyuma wa nyumba ya mkubwa.

Katika nchi ya China mitihani ya kuwachagua watumishi wa mfalme ilianza yapata miaka 1,400 iliyopita, katika enzi ya Sui, nayo ikaendelea mpaka ilipofutwa mwaka 1905. Katika enzi ya Song uliwekwa utaratibu wa kustaajabisha: jina la mtahiniwa lilifunikwa, kisha majibu yake yakanakiliwa na makarani, ili msahihishaji asipate kuutambua hata mwandiko wake. Kwa nini wakajitia taabu yote hiyo? Kwa sababu waliujua udhaifu wa mwanadamu. Mtu akiuona uso wa jamaa yake, mizani hutikisika mkononi mwake. Ni kweli kwamba mtoto wa tajiri alikuwa na nafasi kubwa zaidi ya kujiandaa. Hata hivyo, mbele ya msahihishaji yeye na mtoto wa mkulima walikuwa karatasi mbili zisizo na uso. Namba wanayoandika watahiniwa wetu leo badala ya majina yao inafuata fikira ile ile.

Basi mtihani ni chombo cha haki, kama vile mzani wa dukani ulivyo chombo cha haki. Na kama mzani huo, waweza kutumiwa kudhulumu.

MZANI NA MKONO WA MPIMAJI

Kila aendaye sokoni anajua kwamba mzani hukosea, na mpimaji pia hukosea. Mwaka 1913, huko Marekani, wataalamu wawili walioitwa Daniel Starch na Edward Elliott walichukua karatasi moja ya majibu ya jiometri, wakaitolea nakala, wakazipeleka kwa walimu wa hesabu zaidi ya mia moja ili wazisahihishe. Karatasi ni moja, majibu ni yale yale, na somo ni hesabu, ambalo watu hudhani halina ubishi. Alama zilizorudi zilianzia chini ya 30 na kupanda hadi zaidi ya 90. Kwa mwalimu mmoja mwanafunzi yule alikuwa mjinga wa kurudishwa nyuma. Kwa mwingine alikuwa wa kusifiwa mbele ya shule nzima. Naye hakuwa amejua hata kidogo kwamba yu watu wawili.

Wala tusidhani kwamba hayo ni mambo ya mbali na ya zamani. Msomaji wa Tanzania atakumbuka matokeo ya mtihani wa Kidato cha Nne wa mwaka 2012, yaliyotangazwa Februari 2013. Zaidi ya nusu ya watahiniwa walipata daraja sifuri. Nchi ilishtuka, na tume ikaundwa. Mwezi Mei 2013 serikali ikatangaza kwamba matokeo yale yamefutwa, na ikaagiza yapangwe upya kwa utaratibu uliotumika mwaka 2011. Yalipotoka mara ya pili, maelfu ya vijana waliokuwa wamehesabiwa kushindwa walionekana wamefaulu.

Sasa tafakari, ndugu msomaji. Kati ya Februari na Mei hakuna kijana aliyerudi katika chumba cha mtihani. Hakuna aliyeongeza neno katika majibu yake. Kilichobadilika ni mistari ambayo watu huichora kati ya daraja na daraja. Hatusemi hivi ili kuwalaumu wenye kazi hiyo nzito, maana hapana budi mstari uchorwe mahali fulani. Twasema ili ifahamike kwamba mstari ule umechorwa na binadamu. Kijana aliyeambiwa Februari kwamba maisha yake yamekwisha, na ambaye Mei aliambiwa kwamba amefaulu, alikuwa kijana yule yule siku zote mbili. Tena ndivyo walivyo vijana ambao sifuri zao hazikubadilika Mei: nao walibaki kuwa wale wale, na thamani yao haikuwa imeandikwa katika orodha ya kwanza wala ya pili.

Wataalamu wa upimaji hutenganisha maswali mawili. La kwanza: je, kipimo hutoa jibu lile lile kila kinapotumiwa? La pili: je, kinapima kile kinachodaiwa kupimwa? Mzani uliopinda waweza kukupa jibu lile lile kila siku, na kila siku likawa la uongo. Na mzani ulio sawasawa kabisa bado haufai kupimia urefu wa kitambaa. Mtihani wa saa tatu waweza kutuonyesha kwamba siku ile, kwa maswali yale, mtahiniwa aliweza hili na hakuweza lile. Huo ni ushahidi, nao una faida. Lakini watu huuliza karatasi ile mambo isiyoyajua: je, mtoto huyu ni mwaminifu? Ana subira? Atakuwa mtu wa namna gani baada ya miaka ishirini? Shahidi akiulizwa jambo asilolishuhudia, yampasa anyamaze. Karatasi haijui kunyamaza, na kwa hiyo sisi husema kwa niaba yake.

SHAHIDI ALIPOFANYWA HAKIMU

Iko habari moja ambayo yafaa kila mzazi na kila mwalimu aijue, kwa sababu yaonyesha mahali ambapo hatua ile ndogo yaweza kutufikisha.

Mwaka 1904 serikali ya Ufaransa iliunda tume ya kuchunguza elimu ya watoto walioshindwa kufuatana na wenzao darasani. Mmoja wa wajumbe wake alikuwa Alfred Binet. Mwaka 1905, pamoja na Théodore Simon, alitoa mfululizo wa majaribio thelathini, mepesi kwanza kisha magumu, ili kuwatambua watoto wanaohitaji msaada wa pekee. Kusudi lake lilikuwa la huruma: mtoto atambuliwe ili asaidiwe. Binet mwenyewe aliwaonya watu wasidhani kwamba kipimo chake kinaonyesha kiasi cha akili kisichobadilika. Alizifananisha akili za watoto wale na shamba, ambalo likipata mkulima mjuzi hutoa mavuno yasiyotazamiwa. Alifariki mwaka 1911.

Kipimo chake kikavuka bahari. Huko Marekani Henry Goddard alikitafsiri, na mwaka 1913 wasaidizi wake wakakitumia kwa wahamiaji waliokuwa wakishuka melini katika kisiwa cha Ellis, New York. Mtu aliyetoka kusafiri baharini chini ya sitaha, ambaye pengine hakuwahi kushika kalamu maishani mwake, aliwekwa mezani na kuulizwa maswali kwa njia ya mkalimani. Katika makundi yaliyopimwa, zaidi ya robo tatu waliandikwa kuwa wapungufu wa akili. Badala ya kukishuku kipimo, waliwashuku watu. Ilipofika mwaka 1928 Goddard mwenyewe alikiri kwamba katika mambo makubwa alikuwa amekosea. Mwenzake Carl Brigham, ambaye mwaka 1923 alikuwa ameandika kitabu cha kuyapanga mataifa kwa alama za vipimo walivyopewa askari, mwaka 1930 alikana kwa maandishi msingi wa kitabu chake. Kukiri kosa ni sifa njema, na twawapa sifa yao. Lakini kabla hawajakiri, kazi ya namna hiyo ilikuwa imekwisha kuwafikia watu wengine.

Mmoja wa watu hao ni Carrie Buck, binti maskini wa Virginia aliyelelewa katika nyumba ya watu. Akiwa na miaka 17 alipata mimba, na kwa maelezo yake mwenyewe alikuwa amenajisiwa na jamaa wa nyumba ile. Walezi wake wakaomba apelekwe katika taasisi ya wapungufu wa akili, ambako mama yake alikuwa amekwisha kuwekwa. Alipimwa, akaandikwa kuwa ana akili ya mtoto wa miaka tisa. Mtoto wake mchanga, Vivian, alitazamwa akiwa na miezi michache tu, ikasemwa kwamba naye hayuko sawa. Tarehe 2 Mei 1927 Mahakama Kuu ya Marekani, majaji wanane dhidi ya mmoja, iliruhusu binti huyo afungwe uzazi, na Oktoba ya mwaka ule ule ikatendeka hivyo.

Vivian aliingia shule. Mwaka 1931 jina lake lilikuwa katika orodha ya wanafunzi waliofanya vizuri. Mwaka uliofuata alikufa kwa maradhi, akiwa na miaka minane. Mama yake, ambaye naye alipokuwa shuleni alipandishwa darasa baada ya darasa mpaka walezi walipomtoa ili afanye kazi za nyumbani, aliishi hadi mwaka 1983, na hakupata mtoto mwingine. Katika karne ya 20 watu zaidi ya 60,000 walifungwa uzazi huko Marekani kwa sheria za namna hiyo. Mwaka 2002 gavana wa Virginia aliomba radhi.

Mtu aweza kusema kwamba si kipimo kilichomdhulumu Carrie Buck, bali watu. Ni kweli. Lakini angalia kipimo kiliwafanyia nini watu hao: kiliituliza dhamiri yao. Wasingeweza kumtazama binti machoni na kumwambia, "Wewe hustahili kuzaa." Waliweza kuitazama tarakimu. Kufunikwa kwa jina, ambako kule China kulimlinda mnyonge asionewe, hapa kulimlinda mwenye nguvu asimwone mnyonge. Hiyo ndiyo hatari tunayoizungumzia, nayo haiko katika mahakama kubwa peke yake. Mwalimu anayeacha kumwuliza swali mtoto wa dawati la nyuma kwa sababu "alama zake zinajulikana" amekwisha kuingia katika njia hiyo, ijapokuwa ndiyo kwanza anaianza.

JE, TUIPIME NA TABIA?

Pengine utasema: basi tusipime kichwa tu, tupime na tabia. Fikira hiyo ni ya heshima. Katika Elimu ya Kujitegemea, mwaka 1967, Mwalimu Nyerere alilalamika kwamba mitihani ilipima kumbukumbu na ikaacha moyo wa kutumikia wenzake. Baada ya Azimio la Musoma la mwaka 1974, shule za Tanzania zilianza kuhesabu pia kazi ya kila siku ya mwanafunzi na mwenendo wake. Kuhesabu kazi ya mwaka mzima ni jambo jema, kwa maana siku moja ya homa haipaswi kufuta jasho la miaka minne.

Lakini tabia ina siri yake. Mtoto afagiaye uwanja kwa sababu ni mchafu, na mtoto afagiaye kwa sababu mwalimu ameshika daftari, hufanya kazi moja, na daftari haliwezi kuwatenganisha. Tena likidumu sana, daftari hilo humgeuza wa kwanza awe kama wa pili. Katika dini jambo hilo lina jina: ni riya, yaani kutenda jema ili uonekane. Kwa hiyo wema ni kitu ambacho, mara kinapowekewa alama, huanza kupungua. Na kama ndivyo, basi lililo bora kabisa katika mwanadamu liko nje ya mizani zetu zote. Hatulipimi kwa sababu hatuwezi, na tukijaribu twaliharibu.

MTIHANI WA MWENYEZI MUNGU

Hapa lugha yetu yenyewe yatusaidia. Waswahili hutumia neno moja kwa mambo mawili: mtoto akiketi na karatasi, yu katika mtihani, mtu akifiwa au akifilisika, twasema amepata mtihani. Mafundisho ya Kurani Tukufu ni kwamba maisha haya yote ni majaribio, na kwamba watu hawataachwa kwa kusema tu kuwa wameamini pasipo kujaribiwa. Je, mtihani huo wafanana na wa shule?

Kwa jambo moja wafanana: maneno hayatoshi, hapana budi yathibitishwe. Kwa mengine watofautiana sana. Mtahini wa shule hutahini kwa sababu hajui. Mwenyezi Mungu ajua kabla hajatahini, na faida ya mtihani yarudi kwa mtahiniwa. Neno la Kiarabu fitna asili yake ni kuitia dhahabu motoni ili takataka iachane nayo. Moto ule hauandiki alama, husafisha. Kisha, shuleni swali ni moja kwa wote, aliyekula na aliyelala na njaa. Kwa Mwenyezi Mungu hakuna nafsi inayotwikwa zaidi ya uwezo wake. Na shuleni kengele ikilia kalamu huwekwa chini. Lakini mlango wa toba u wazi muda wote mtu yu hai.

Ninyi mlioingia katika dini karibuni, na ninyi mngali mnachunguza, huenda mmekwisha kuonja uchungu wa kupimwa na watu kwa jambo moja na kuhukumiwa kwa yote. Basi msiusahau uchungu huo mtakaposhika mizani mikononi mwenu.

WAJIBU WETU

Haya yote yatudai mambo gani? Mwanafunzi asije akasema, "Mtihani hauna maana," akaacha kusoma. Ushahidi wa kweli ni amana, na yeye ni mwenye kuutoa. Anayeiba majibu hamdanganyi msahihishaji peke yake. Huwaibia nafasi yao waliosoma, na hujinyima mwenyewe habari ya kweli ya mahali aliposimama.

Mwalimu na akumbuke kwamba katika Kurani Tukufu imo sura yenye jina la wapunjao vipimo. Inawakemea wale watakao kipimo kamili wanapopimiwa, na hali wao wakiwapimia wengine hupunguza. Asiyefundisha sawasawa kisha akadai majibu kamili, na ajitazame katika kioo hicho. Hali kadhalika jamii isiyotoa vitabu wala madawati. Mashamba mawili, moja limenyeshewa na jingine halikunyeshewa, yaweza kupimwa mavuno kwa pishi moja. Lakini mwenye akili hatamwita mkulima wa shamba kavu mvivu kabla hajauliza habari za mvua.

Na mzazi, siku ile ya matokeo, aipokee karatasi kama apokeavyo maneno ya shahidi. Aisikilize, aulize maswali, achukue hatua. Kama mtoto alikuwa mvivu, amwambie waziwazi, maana kuficha ukweli si huruma. Lakini asiiruhusu karatasi ile ikae mahali pa hakimu. Mtume Mtukufu Muhammad (s.a.w.) amefundisha kwamba Mungu hazitazami sura zetu wala mali zetu, bali huitazama mioyo yetu na matendo yetu. Hakuna mtahini mwingine anayeuona moyo, na kwa hiyo hakuna mwingine anayeweza kumwambia mtoto wako kwamba yeye ni sifuri.

Mtoto huyo anapokuja na karatasi yake, macho yakiwa chini, atalitazama kwanza jambo moja: uso wako. Huo nao ni mtihani, na mtahiniwa siku hiyo ni wewe. Mwenyezi Mungu atuwezeshe kupima kwa uadilifu, na atusamehe tulivyokwisha kuwapunja wengine. Amin.